Kilwa Kisiwani kwa Miguu: Kwa Nini Njia ya Mgeni Haifuati Njia ya Miaka

Mgeni anayevuka mlango wa bahari kutoka Kilwa Masoko kwenda Kilwa Kisiwani huanza matembezi yake karibu na mwisho wa hadithi. Jengo analoliona kabla hata mashua haijagusa mchanga ni ngome ya Gereza, ambayo sehemu yake kubwa ilijengwa na Waarabu wa Omani mnamo mwaka 1800 hivi, juu ya mabaki ya ngome ya Wareno ya mwaka 1505. Kutoka hapo kijia humpeleka kwenye Msikiti Mkuu, ulioanza kujengwa katika karne ya 11 au ya 12. Kisha kwenye msikiti mdogo wa kuba wa karne ya 15. Kisha Makutani, kasri la karne ya 18. Na mwisho, jua likiwa limeshakuwa kali na chupa ya maji imebaki nusu, huelekezwa mashariki hadi Husuni Kubwa, kasri la mwanzoni mwa karne ya 14. Miguu imekwenda mbele muda wote, lakini miaka imeruka mbele na kurudi nyuma, na mtu ambaye hakuambiwa jambo hilo mapema hurudi Masoko akiwa na picha nyingi katika simu na mji uliovurugika kichwani.

Mwongozaji hana kosa, kwa sababu magofu yapo pale yalipojengwa na yeye hufuata njia iliyo fupi. Isitoshe, mpangilio wa miaka ni sehemu ndogo tu ya ugumu. Sehemu kubwa ni kwamba katika maelezo ya dakika kumi mbele ya ukuta mmoja, mwongozaji huzungumza kwa sauti nne bila kutangaza anapohama kutoka moja kwenda nyingine. Kuna masimulizi ya wenyeji wa kisiwa, aliyoyapata kwa wazee. Kuna kitabu cha tarehe, yaani historia, ya Kilwa, kilichotungwa kwa Kiarabu mwanzoni mwa karne ya 16, ambacho tunacho kwa njia mbili: nakala ya Kiarabu iliyoandikwa mwaka 1877, na muhtasari ulioingizwa na Mreno João de Barros katika historia yake ya katikati ya karne ya 16. Kuna maneno ya wasafiri waliofika, hasa Ibn Battuta mwaka 1331. Na kuna matokeo ya uchimbaji, ambao ulishika kasi tangu mwishoni mwa miaka ya 1950 chini ya mwanaakiolojia Neville Chittick. Sauti hizi hazina uzito sawa, na mara nyingine zinapingana. Anayetaka kuuelewa mji hana budi kuuliza katika kila kituo, kwa adabu, swali moja: hili limejulikanaje?

Majina ya mahali yenyewe ni mtego wa kwanza. Neno gereza, ambalo leo kila Mswahili analijua kwa maana ya jela, linatokana na neno la Kireno lenye maana ya kanisa. Makanisa ya Wareno katika pwani hii yalikuwa ndani ya ngome, ngome zilitumika pia kufungia watu, na neno likasafiri kutoka ibadani hadi kifungoni. Kwa hiyo anayesimama mbele ya Gereza la Kilwa na kuuliza wafungwa walikaa chumba gani anauliza swali lililozaliwa na jina, wakati jengo lenyewe ni ngome ya kulinda bandari. Husuni nayo inatokana na neno la Kiarabu la ngome, ilhali Husuni Kubwa ilikuwa kasri la mfalme na ghala la biashara. Makutani peke yake inajisema ilivyo: ni mahali penye kuta.

Gereza hupotosha kwa njia nyingine pia. Kwa kuwa ndilo la kwanza kuonekana, na kwa kuwa simulizi ya Wareno inasisimua, wageni wengi huondoka wakidhani Kilwa ulikuwa mji wa Wareno. Ukweli ni kwamba Vasco da Gama alifika mwaka 1502 na kumlazimisha mtawala alipe kodi ya dhahabu. Francisco de Almeida akauteka na kuupora mji Julai 1505 na kuweka ngome. Na mwaka 1512 Wareno walikuwa wameshaiacha. Ni miaka saba katika mji ulioishi zaidi ya miaka elfu moja. Madhara yao kwa biashara ya Kilwa yalikuwa makubwa kupita muda waliokaa, lakini karibu hakuna jengo la mawe baada ya kulipita Gereza ambalo wana sehemu katika kulisimamisha.

Baada ya Gereza, aghalabu kivulini, ndipo husimuliwa hadithi ya nguo. Ali bin al-Hasan, wa ukoo wa kifalme wa Shiraz, aliondoka Uajemi pamoja na ndugu zake katika majahazi saba, kila moja likatia nanga mahali pake katika pwani, na la sita likafika Kilwa. Mtawala mwenyeji akakubali kukiuza kisiwa kwa nguo za kutosha kukizunguka chote, akazichukua, akahamia bara. Baadaye akajuta, akarudi na watu wake wapate kuvuka kwa miguu wakati wa maji kupwa kama ilivyokuwa desturi. Lakini mnunuzi alikuwa ameshauchimba mlango, na waliosubiri maji yatoke wakasubiri bure.

Hadithi hii imo katika kitabu cha tarehe na imo vinywani mwa watu, kwa hiyo si uzushi wa waongozaji. Swali ni inashuhudia nini. Uchimbaji umeonyesha kwamba palikuwa na kijiji hapa tangu karne ya 9 hivi, chenye nyumba za miti na udongo, wavuvi, wafua chuma na wafinyanzi ambao vyungu vyao vinafanana na vya maeneo mengine ya Afrika Mashariki. Na hakuna tabaka katika udongo linaloonyesha watu wa kale wakitoweka na wapya wakishika nafasi yao. Kwa upande mwingine, utafiti wa vinasaba uliochapishwa mwaka 2023, uliotumia mifupa kutoka makaburi ya miji kadhaa ya Waswahili, Kilwa ikiwamo, ulikuta nasaba ya upande wa mama ni ya Kiafrika kwa sehemu kubwa sana, na katika upande wa baba ukakuta mchango mkubwa wa Asia, hasa Uajemi, ulioanza kuchanganyika mnamo mwaka 1000 hivi. Wale waliokuwa wakisema Washirazi ni hekaya tupu wamepata jibu, na wale waliokuwa wakisema mji uliletwa na jahazi kutoka ng'ambo wamepata jibu pia.

Ila jambo ambalo mimi huliona zito kuliko yote limo ndani ya kitabu chenyewe cha tarehe, na ni nadra kulisikia likitajwa matembezini. Nakala ya Kiarabu inasema kwamba wageni walipofika walimkuta kisiwani Mwislamu mwenye watoto wake, na wakakuta msikiti. Mwandishi aliyetaka kuwatukuza Washirazi aliandika kwa mkono wake kwamba dini na nyumba ya ibada vilikuwa vimewatangulia. Nguo inayozunguka kisiwa, basi, inafaa kusomwa kama hati ya umiliki: ni njia ya ukoo unaotawala kusema kwamba ardhi hii hatukuipora, tuliilipia, na aliyeiuza aliridhika.

Kabla ya kuingia msikitini inafaa kujua fedha za kuujenga zilitoka wapi, na jibu liko katika upepo. Kaskazi huanza kuvuma mwishoni mwa mwaka na kuyasukuma majahazi kutoka Uarabuni na India kuja kusini. Kusi hugeuza mkondo na kuyarudisha. Chombo kilichotoka ng'ambo kingeweza kufika Kilwa, kuuza, kununua na kurudi bila kupoteza mwaka, lakini kikiendelea hadi Sofala, bandari ya kusini katika Msumbiji ya leo, kwenye dhahabu iliyoshuka kutoka nyanda za Zimbabwe, kingeachwa na pepo na kulazimika kungoja msimu mwingine. Kilwa ikasimama pale pale ambapo safari ya mgeni iliishia na safari ya mwenyeji ilianza: vyombo vyake vilikwenda Sofala, vikarudi na dhahabu na pembe, na mfanyabiashara wa ng'ambo akaikuta mali imeshafika. Sarafu ya shaba ya al-Hasan bin Sulaiman, mfalme wa Kilwa wa mwanzoni mwa karne ya 14, imepatikana Great Zimbabwe. Sarafu hizo zina ustadi wa kipekee: jina la mfalme upande mmoja na maneno ya kumtegemea Mungu upande wa pili hupangwa yawe na vina, hata mtu akiigeuza mkononi anakuwa amekariri shairi la mistari miwili.

Ndani ya Msikiti Mkuu mgeni huvutwa mara moja na sehemu ya kusini, yenye safu za nguzo, matao na kuba, na ndiko picha zote hupigwa. Namshauri aanze kaskazini, penye mihirabu, katika ukumbi mdogo usio na paa ambao watu huupita haraka. Huo ndio msikiti wa kwanza. Paa lake lilikuwa bapa, likibebwa na nguzo tisa, na eneo lake linatosha jumuiya ya mji mdogo ambao ndio kwanza umeanza kutajirika. Akigeuka kutazama kusini ataona upanuzi unaoumeza ule wa kwanza mara kadhaa. Huo ulifanywa mwanzoni mwa karne ya 14, wakati dhahabu ilipokuwa ikipita kwa wingi, na zama hizo hunasibishwa na yule yule al-Hasan bin Sulaiman. Lakini nguzo na kuba tunazoziona leo si zake. Nguzo zake zilikuwa za matumbawe yaliyochongwa, hazikudumu, sehemu hiyo ikaanguka, na kilichosimama sasa ni ujenzi mpya wa karne ya 15, wenye nguzo za mawe madogo yaliyoshikwa kwa chokaa. Mwongozaji akisema msikiti huu ni wa karne ya 11 anasema kweli akiwa upande wa kaskazini. Akiyarudia maneno hayo chini ya kuba, amekosea kwa miaka mia tatu au zaidi.

Ni katika msikiti huu pia ambapo Ibn Battuta huingia katika maelezo. Alifika wakati wa mfalme huyo, ambaye watu walimwita Abu al-Mawahib, baba wa vipawa, kwa ukarimu wake. Anasimulia kwamba siku ya Ijumaa, baada ya sala, fakiri kutoka Yemen alimwomba mfalme nguo alizovaa; mfalme akabadili nguo, akampa. Hapo masimulizi mengi ya matembezini hukomea, na wageni hutabasamu. Maandishi hayakukomea hapo. Mwana wa mfalme alizichukua nguo zile kutoka kwa fakiri na kumpa badala yake watumwa kumi. Mfalme aliposikia watu wanavyomsifu, akaamuru fakiri aongezewe watumwa wengine kumi na mizigo miwili ya pembe za ndovu. Hadithi ile ile ya ukarimu inatwambia kwamba binadamu walihesabiwa pamoja na pembe, na kuikata katikati ni kuupaka mji chokaa ambayo mwandishi wake hakuipaka.

Msafiri huyo aliacha pia fumbo linalowatatiza wageni makini. Aliusifu mji kuwa miongoni mwa miji mizuri na iliyojengwa vyema, kisha akasema wote umejengwa kwa mbao. Inawezekanaje, naye alifika wakati mji ulipokuwa ukijenga kwa mawe kuliko wakati mwingine wowote kabla yake? Jibu linalokubaliana na uchimbaji ni kwamba mawe yalikuwa ya wachache. Msikiti na kasri vilikuwa vya mawe, lakini nyumba za watu wengi zilikuwa za miti, udongo na makuti, na ndizo zilizojaza macho ya aliyepita mitaani. Nyumba za mawe ziliongezeka baadaye, hata Wareno wa mwaka 1505 wakakuta na kueleza nyumba za mawe zenye ghorofa na vichochoro vyembamba. Magofu kwa tabia yake hutudanganya: udongo hurudi kuwa udongo, jiwe hubaki, na mgeni hudhani aliyekaa ndani ya jiwe ndiye aliyekuwa mji mzima.

Katika nyumba yoyote ya mawe iliyobaki, hapa au katika magofu jirani ya Songo Mnara, kuna kipimo ambacho mtu anaweza kukichukua mwenyewe bila kitabu. Apime upana wa chumba kwa hatua. Atakuta hatua nne za kawaida, pengine pungufu, hata chumba kikiwa kirefu kama ukumbi. Upana huo haukuamuliwa na umaskini wala na mtindo. Uliamuliwa na mkoko. Dari iliwekwa juu ya boriti za mikoko, boriti nzuri iliyonyooka haiwezi kubeba uzito wa mawe na chokaa ikizidi mita 3, na kwa hiyo tajiri aliyetaka nafasi aliongeza urefu na idadi ya vyumba, upana ukabaki ule ule. Akiinua macho juu ya ukuta ataona mashimo yaliyopangwa mstari mmoja, kila moja la ukubwa wa ngumi mbili: ndimo vichwa vya boriti vilimolala, na mti ulipooza yakabaki matundu. Mawe ya kuta ni matumbawe ya nchi kavu, magumu na yenye kukwaruza. Yale ya mihirabu na vizingiti, yaliyonakshiwa, ni matumbawe yaliyokatwa baharini na kuchongwa yakiwa bado mabichi na laini, kwa maana yakishakauka huwa magumu na mchongaji amechelewa. Hata chokaa ni matumbawe, yaliyochomwa juu ya marundo ya kuni. Mji mzima umetoka baharini na mikokoni.

Kuba ndizo zilizowatoa mafundi katika kifungo cha boriti, kwa sababu hazihitaji mti, na msikiti mdogo wa kuba ndipo ustadi huo unapoonekana vizuri zaidi. Hapa inafaa kutulia na kutazama juu mpaka macho yazoee kivuli. Katika sehemu ya ndani ya kuba zilipachikwa bakuli zilizong'arishwa, kutoka ng'ambo, uso wake ukitazama chini kwa waumini. Chombo cha thamani, ambacho kingetosha kuandaliwa mezani kwa mgeni wa heshima, kilitiwa katika chokaa mbichi mahali ambapo hakuna atakayekula ndani yake wala kukigusa tena. Sijui njia nyingine fupi kuliko hiyo ya kuonyesha tofauti kati ya kuwa na mali na kuitoa.

Makutani hakuhitaji muda mrefu. Kuta zake zilizozunguka eneo pana la pembetatu ni za karne ya 18, wakati Kilwa ilipoinuka tena kidogo, na kuinuka huko hakukuwa kwa dhahabu. Mwaka 1776 mtawala wa Kilwa alitia saini mkataba na mfanyabiashara Mfaransa Morice wa kumpatia watumwa elfu moja kila mwaka, kwa ajili ya mashamba ya visiwa vya Wafaransa katika Bahari ya Hindi. Katika karne iliyofuata biashara hiyo ilihamia kwa kishindo bara, Kilwa Kivinje, na kisiwa kikapoa. Iwapo mwongozaji atasimulia dhahabu tu na kunyamaza hapa, mgeni aulize.

Njiani kuelekea Husuni mtu hupita katikati ya kijiji, jambo ambalo vipeperushi vya utalii havilitilii mkazo. Watu hawakuondoka Kilwa Kisiwani. Wanavua, wanalima, wanasali, na mbuzi wao hulala kwenye vivuli vya kuta za masultani. Mwanamke anayepeta mchele mlangoni si sehemu ya maonyesho, na kupiga picha bila salamu ni utovu wa adabu hapa kama popote. Mwenye shikamoo mdomoni, tena, husikia mengi zaidi. Majibu ya wazee kuhusu makaburi fulani, yupi aliyezikwa na kwa nini watu bado hupaheshimu, hayamo katika kibao chochote cha maelezo.

Husuni Kubwa imekaa juu ya genge, bahari chini yake, na hapo ndipo vipande vyote vilivyookotwa njiani hukutana. Ni jengo la vyumba zaidi ya 100. Upande mmoja kuna makazi na nyua za kupokelea watu, pamoja na birika la kuogelea la pembe nane. Upande wa kusini kuna uwanja mkubwa uliozungukwa na vyumba vinavyofanana, vinavyochukuliwa kuwa ni maghala. Mfalme aliishi na biashara yake chini ya ukuta mmoja. Uhusiano wa jengo hili na al-Hasan bin Sulaiman hautegemei masimulizi pekee, kwa sababu humo humo lilipatikana jiwe lenye maandishi ya cheo chake. Hapa, basi, sauti mbili zinakutana juu ya mtu mmoja: uchimbaji na msafiri wa mwaka 1331. Vilevile hapa ndipo tunaona kipimo cha tamaa yake, kwa maana kasri halikukamilika na waliolikalia hawakulikalia muda mrefu. Mji ulirudi kujibana karibu na Msikiti Mkuu.

Ng'ambo ya korongo dogo kuna Husuni Ndogo, ukuta mnene wa mstatili wenye minara. Wachimbaji hawakupata ndani yake cha kutosha kuamua ulikuwa wa kazi gani. Wengine wamependekeza ghala, wengine soko, wengine boma la ulinzi. Mwongozaji mmoja niliyekwenda naye alisimama pale, akaulizwa swali lile la kila kituo, akacheka na kusema, “Hapa, ndugu yangu, kila mtu ana lake.” Nilimwamini zaidi katika yote aliyokuwa ameyasema tangu asubuhi.

Tuliteremka hadi ufukoni tukakuta maji yamekupwa, mashua imelala ubavu juu ya matope kati ya mikoko, na nahodha amejinyoosha kivulini. Masoko ilionekana wazi upande wa pili, karibu kiasi cha mtu kudhani anaweza kwenda kwa miguu. Tukakaa kusubiri maji yajae.